Naomba ushauri: picha za Vasanta na za Holi nazitofautishaje?

Habari zenu ndugu zangu. Nafundisha sanaa sekondari, na sasa naandaa somo kuhusu ujio wa majira ya machipuko katika uchoraji wa India. Nimekwama kwenye Ragamala, zile picha ndogo za Rajasthan na kwingineko zinazouchora muziki. Katika picha za Vasanta, raga (mtindo wa sauti katika muziki wa India) ya machipuko, mungu wa Kihindu Krishna huonekana akicheza, taji lenye manyoya ya tausi kichwani, chombo cha maua mkononi, huku wanawake wakimpigia ngoma na matoazi. Zinapendeza mno! Shida ni kwamba picha za Holi, sikukuu ya Kihindu ya kurushiana rangi, nazo zina Krishna, wanawake na ngoma. Nimejaribu kuzitenga kwa unga wa rangi na mabomba ya kurushia maji, lakini baadhi ya picha za Vasanta zinavyo pia. Maandishi ya juu siwezi kuyasoma.

Je, kuna alama nyingine ya kuangalia? Pia, Basant, sherehe ya machipuko kwenye dargah (kaburi linalozuriwa) ya walii wa Kisufi Nizamuddin Auliya, Delhi, ambako watu huvaa njano na kupeleka maua ya haradali wakiimba kawali (nyimbo za Kisufi), niifundishe pamoja na Vasant Panchami, sikukuu ya Kihindu ya Saraswati, mungu wa kike wa elimu, au kila moja kipindi chake? Wanafunzi wangu ni wa dini mbalimbali, sitaki kumkwaza yeyote.

Natanguliza shukrani.