Fuso langu linaozea yadi kwa "amri ndogo" ya mahakama, na rufaa hakuna. Hii sheria ilimfikiria nani?

Wakuu,

Nina hasira na nitaandika hivyo hivyo.

Nina Fuso moja. Moja tu, la mkopo. Linabeba dagaa kutoka soko la Mwaloni, pale Kirumba, Mwanza, linapeleka Tunduma. Mzigo si wangu, mimi nakula nauli. Miezi 11 iliyopita likasimamishwa Usagara, kabla hata halijashika njia ya Shinyanga. Mwenye mzigo hakuwa na risiti, na idadi ya magunia kwenye daftari lake ilikuwa nyingine na yaliyokuwa juu ya gari ni mengine. Akafunguliwa kesi ya jinai ya kukwepa kodi. Sawa, kama alikwepa afungwe, simtetei. (Ingawa wanaonunua dagaa wanajua: yule mama anayeanika mchangani Ukerewe akutolee risiti kwa mashine ipi?)

Dereva hakushtakiwa. Mimi sikushtakiwa. Mwenye mzigo yuko nje kwa dhamana, gari langu ndilo liko ndani.

Tukaomba liachiwe kwa masharti. Tuweke hati ya nyumba, tusiliuze, tulilete siku yoyote likihitajika, wapige picha mpaka wachoke. Hakimu akaandika ukurasa mmoja na nusu, tena kwa Kiingereza wakati sheria ilishabadilishwa tangu 2021 Kiswahili kiwe lugha ya mahakama: gari ni kielelezo, yaani ushahidi, libaki mpaka shauri liishe. Hiyo ndiyo wanaita amri ndogo, yaani ya katikati ya kesi, isiyoimaliza. Ndogo!

Wakili akasema twende Mahakama Kuu kwa marejeo, yaani jaji aikague amri ya hakimu, maana mimi si mhusika wa kesi na siwezi kukata rufaa. Nikauza pikipiki moja nimlipe. Siku ya kusikilizwa upande wa mashtaka wakaja na pingamizi la awali, kwamba ombi letu halifai hata kusikilizwa, dakika 20, kwisha habari yetu. Kifungu cha 43(2) cha Sheria ya Mahakama za Mahakimu: uamuzi mdogo wa mahakama ya wilaya au ya hakimu mkazi haukatiwi rufaa wala hauombewi marejeo, isipokuwa uwe umemaliza kabisa shtaka au shauri.

Nimekisoma mpaka nimekikariri. Kililetwa na Sheria Na. 25 ya 2002, pamoja na ndugu zake kwenye Sheria ya Mwenendo wa Madai na Sheria ya Mamlaka ya Rufani, kwa hiyo hata amri ndogo za Mahakama Kuu hazipandi Mahakama ya Rufani. Sababu yake naielewa, msinifundishe. Mtu mwenye hela alikuwa anakatia rufaa kila kitu, jalada linapanda juu, kesi ya msingi huku chini inalala miaka. Wakafunga mlango. Siku hizi majaji wanaitazama amri yenyewe: imemaliza haki za wahusika? Kama kesi bado inaendelea, subiri, lalamiko lako utalipeleka kwenye rufaa ya mwisho.

Hapo ndipo wanasheria wa humu mnijibu. Rufaa ya mwisho ya nani? Mimi sina shtaka. Mwenye mzigo akiachiwa, atakata rufaa ya nini? Akifungwa, ataililia miaka yake, sio Fuso langu. Na hiyo kesi "inayoendelea" imetajwa mara 8. Mara hakimu yuko likizo, mara shahidi kasafiri.

Mtasema mwisho wa kesi mahakama itaamua gari liende kwa nani. Liende nini sasa? Nilipita pale yadi Jumanne. Tairi mbili za nyuma zimekalia rimu. Betri haipo, na hakuna anayejua imekwenda wapi. Mzigo nao ni kielelezo, uko humo humo. Turubai limechanika, masika yote yameingia, magunia ya chini yamekuwa uji mweusi na paka wa mtaa mzima wamehamia. Mlinzi ananiambia, "Mzee, ukija tena uje na chakula chao, hawa dagaa wamewachosha." Nikacheka. Halafu nikakaa kwenye jiwe pale getini kama nusu saa hivi, miguu imekataa.

Rejesho ni 1,850,000 kila mwezi. Benki haijui habari ya kielelezo.

Kinachoniuma zaidi, mwenye mzigo kwa upande wa kodi yenyewe ana pa kupumulia. Akiyapinga makadirio ya kodi, kifungu cha 51 cha Sheria ya Usimamizi wa Kodi kinamtaka alipe kodi ile asiyobishania au theluthi moja ya iliyokadiriwa, yoyote iliyo kubwa, na hata hapo Kamishna wa TRA anaweza kumpunguzia. Asiporidhika anakwenda Bodi ya Rufani za Kodi, halafu Baraza la Rufani za Kodi, halafu Mahakama ya Rufani. Ana ngazi nzima. Mwenye gari hana hata kistuli.

Kesi inatajwa tena Alhamisi ijayo. Kama kuna mtu humu gari lake lilishikwa kwenye kesi ya mwingine na likatoka kabla ya hukumu, aniambie alipitia kifungu gani. PM iko wazi. Wale wa "kwa nini ulibeba mzigo usio na risiti" nimeshawaona, piteni tu.