Kibali cha maingilio ya gari juu ya mtaro wa barabara ya lami, Dar es Salaam

Mkazi wa Tabata
Habari zenu, wakuu. Nimenunua nyumba Tabata, kwenye mtaa ambao barabara yake iliwekwa lami wakati nyumba zilikwishajengwa. Kati ya geti langu na lami kuna mtaro wa zege ulio wazi, kina chake kinafika magotini, na ng'ambo ya mtaro kuna mawe ya ukingo yaliyoinuka, hivyo gari dogo halipandi. Aliyeniuzia alikuwa akivusha gari lake juu ya mbao mbili, na moja imeshapasuka. Fundi ananishauri tuyavunje mawe ya ukingo Jumamosi usiku na kumwaga zege, ili Jumatatu mkaguzi akipita alikute limeshakauka. Sitaki njia hiyo. Naomba kuelekezwa kibali kinaombwa wapi, na mhandisi akija huangalia nini.

Mhandisi wa Mitaro
Ndugu, kabla ya kuandika barua, hakikisha barabara iko chini ya nani. Barabara kuu na za mkoa zinasimamiwa na TANROADS (Wakala wa Barabara Tanzania), na za wilaya, ambazo ndizo nyingi za mitaani, zinasimamiwa na TARURA (Wakala wa Barabara za Vijijini na Mijini) tangu ilipoanzishwa mwaka 2017 na kuzipokea kutoka halmashauri. Wapo ambao hadi leo hupeleka barua halmashauri kwa mazoea, kisha wakalalamika kwamba hawajibiwi. Kama ya kwako ni ya mtaa, mwandikie meneja wa TARURA wa wilaya ya Ilala, upitishe barua serikali ya mtaa, na uambatishe nakala ya hati, leseni ya makazi au mkataba wa mauziano, pamoja na mchoro wenye vipimo unaoonyesha geti, mtaro, nguzo za umeme na upana wa maingilio unayoyaomba.

Mhandisi akifika, jicho lake litakwenda kwenye maji kabla ya kwenda kwenye gari lako. Kosa linalokataliwa kila siku ni kutumbukiza bomba jembamba ndani ya mtaro na kulifukia kwa kifusi: mvua ya kwanza huleta mchanga na chupa za plastiki, bomba linaziba, na maji yanaingia kwa jirani wa juu, ambaye hakuomba kibali chochote. Kwa mtaro uliojengwa kwa zege, suluhisho safi ni mfuniko wa zege lenye nondo unaolala juu ya kuta za mtaro, bila kupunguza nafasi ya maji hata kidogo, uliogawanywa vipande vinavyoweza kunyanyuliwa wakati wa kuzibua. Unene na nondo zake visipigiwe hesabu ya Vitz yako peke yake, kwa maana siku moja gari la maji au la kunyonya choo litakanyaga hapohapo. Mteremko kutoka getini uishie kwenye mtaro, usimwage maji na mchanga wa uani juu ya lami, na zege lisipande juu ya usawa wa lami. Mawe ya ukingo hayapondwi kwa nyundo. Yanang'olewa na kulazwa upya yakiwa chini, kwa upana ulioidhinishwa tu.

Mama Salha
Naongezea jambo dogo, mwanangu. Nakala yako ya barua igongwe muhuri wa kupokelewa, maana bila muhuri hujapeleka kitu. Vilevile, kabla fundi hajachimba, waulize watu wa DAWASA, mamlaka ya maji, bomba limepita wapi, kwa sababu mabomba mengi yamelala pembezoni mwa barabara na si yote yaliyo na alama. Na kama jirani yako naye hana njia, ombeni maingilio mamoja ya pamoja.

Mkazi wa Tabata
Nashukuru sana, mama, na wewe mhandisi. Nina swali jingine: nina kiwanja kando ya Barabara ya Morogoro, upande wa Mbezi, ambako nataka kufungua duka la vifaa vya ujenzi. Je, utaratibu ni huohuo?

Mhandisi wa Mitaro
Hapana, hapo unazungumza na TANROADS, na uanzie kwenye hifadhi ya barabara, yaani ukanda wa ardhi uliotengwa kwa ajili ya barabara, kabla ya maingilio. Kwa kawaida hifadhi ya barabara kuu ni mita 30 kila upande kutoka katikati, baada ya Sheria ya Barabara ya mwaka 2007 kuongeza mita 7.5 juu ya zile 22.5 za awali. Lakini Barabara ya Morogoro, kutoka Kimara kuelekea Kiluvya, ilikuwa na hifadhi ya mita 121.5 kila upande, na ndiyo sababu bomoabomoa ya mwaka 2017 ilizifikia nyumba ambazo wenyewe waliamini ziko mbali kabisa na lami. Usinunue hata mfuko mmoja wa saruji kabla hujapata maandishi kwamba kiwanja kiko nje ya hifadhi. Kikiwa nje, na kama nyuma yake kuna barabara ya mtaa, omba malori yaingilie huko: lori linalopunguza mwendo ghafla kwenye barabara kuu ni hatari, na mhandisi atakuuliza swali hilo mwanzoni kabisa.

Kuhusu Tabata, peleka barua sasa ili zege limwagwe na kukomaa kabla ya masika ya Machi.