Kwa nini Windows inaanzia diski C? A na B zilikuwa za nini?

mzee_wa_kibodi:
Wakuu habari zenu. Dogo kaniuliza mbona kompyuta ina C: ila haina A: wala B:, nikamwambia hizo zilikuwa za flopi (zile diski laini za kuchomeka na kuchomoa), akauliza tena nani alizipa hizo herufi. Alafu nasikia watu wanasema DOS ya Microsoft, ule mfumo wa kuendesha kompyuta wa kabla ya Windows, iliibwa kutoka mfumo mwingine wa zamani unaoitwa CP/M, kuna ukweli hapo?

fundi_z80:
Herufi zenyewe zilikuwepo kwenye mashine kubwa za IBM, ila aliyezileta kwenye kompyuta ndogo ni Gary Kildall na CP/M yake. Jamaa alikuwa anafundisha chuo cha jeshi la majini kule Monterey, California, huku anapiga kazi za ushauri Intel, akapata draivu ya flopi ya inchi 8 na mwaka 1974 CP/M ikawaka kwenye prosesa ya Intel 8080. Flopi ya kwanza A, ya pili B. IBM PC ya 1981 ikafuata hivyohivyo, mpaka IBM PC XT ya 1983 ilipokuja na diski ngumu (hard disk) ndani, ikapewa C.

Ila mimi kitu ninachomheshimu zaidi Kildall ni BIOS. Kila kampuni ilikuwa na diski na skrini za aina yake, sasa yeye akatenga sehemu zote zinazogusa vyuma akaziweka peke yake, kwa hiyo ukiwa na mashine mpya unaandika hiyo BIOS tu, mengine yote unayaacha yalivyo. Ndo maana WordStar ile ile, programu ya kuandikia barua na nyaraka, ilikuwa inatembea kwenye mashine za makampuni kibao. Soko la programu lilianzia hapo jamani, watu hawampi haki yake kabisa!

binti_wa_assembly:
Kwenye wizi, hapana mkuu. Tim Paterson wa Seattle Computer Products alikuwa na bodi ya prosesa mpya ya Intel 8086 na CP/M ya kuiendesha inachelewa, mwaka 1980 akaandika mfumo wake mwenyewe, QDOS. Alichofuata ni namna programu zinavyoiita mfumo, makusudi kabisa, ili programu za zamani zihamishwe kirahisi. Mfano kazi namba 9: kwenye CP/M inachapa maneno mpaka ikutane na alama ya $, na kwenye DOS ni namba 9 hiyohiyo na $ hiyohiyo. Lakini jinsi ya kupanga mafaili kwenye diski ni tofauti, DOS inatumia FAT, jedwali linaloonyesha vipande vya kila faili viko wapi kwenye diski.

Microsoft wakainunua QDOS hiyo Julai 1981 kwa dola 50,000, ndo ikawa DOS yao, na IBM wakaiuza kwa jina la PC-DOS. Kilichoiua CP/M kwenye IBM PC ni bei, PC-DOS dola 40, CP/M-86 (CP/M ya prosesa za aina ya 8086) dola 240, we ungechukua ipi?

mzee_wa_kibodi:
Dah, dola 240! Sasa hiyo CP/M bado inapatikana nimwonyeshe dogo?

fundi_z80:
Ipo, leseni ilifunguliwa kwa watu wote 2022, chukua emuleta ya Z80, yaani programu inayoiga kompyuta za zamani zenye prosesa ya Z80, uiwashe humo. Kukopi faili unaandika PIP B:=A:BARUA.TXT, inakoenda inatangulia, inakotoka inafuata.