Naomba ushauri: mwanafunzi kanibishia mraba mbele ya darasa

TichaWaZamu: Wakuu, wakubwa shikamooni. Nafundisha hesabu kidato cha tano. Nilitoa swali: nukta nne, taja umbo. Jibu ni mraba. Binti mmoja kakataa katakata, darasa zima likasikia. Nifanyeje, heshima isipotee?

MamaZawadi: Mtoto akibisha, msikilize mwalimu wangu. Mwanangu aliichukia hesabu kwa kiboko cha darasa la sita, hadi leo.

FundiNondo: Mraba ni kamba. Saiti tunavuta pembetatu ya tatu-nne-tano kupata kona ya nyuzi 90, halafu tunapima kona kwa kona. Kuna msingi nilibomoa wote kwa kupishana sentimita nne, na bosi akanikata hela.

Kigoda: Nukta zenyewe ziko wapi? Mbona unazificha?

TichaWaZamu: A(1,1,1), B(1,-1,-1), C(-1,1,-1), D(-1,-1,1). AB, BC, CD, DA zote ni kipeuo cha pili cha 8. Pande nne sawa.

Kigoda: Na AC? Na BD?

TichaWaZamu: Hivyo hivyo, kipeuo cha 8. Kona kwa kona zinalingana, kama alivyosema Fundi. Si ndio mraba huo?

Kigoda: Hapana mkuu. Mraba wa upande huo, kona kwa kona ni 4 kamili. Ya kwako imelingana na upande, kwa hiyo pembe ya A ni nyuzi 60. Chukua vekta AB, AC, AD, tafuta determinanti, ile namba inayopima ujazo zinaoufanya vekta tatu: inatoka -16. Nukta zingekuwa kwenye bapa moja ingetoka 0. Kigoda cha miguu mitatu hakiyumbi popote. Mguu wa nne ndio unaoleta maneno. Hiyo ni piramidi ya pembetatu nne zinazolingana.

TichaKemia: Molekuli ya gesi ya methani hiyo jamani! Weka kaboni kwenye (0,0,0), haidrojeni kwenye hizo nukta nne. Pembe kati ya haidrojeni mbili, ukiwa kwenye kaboni, ni nyuzi 109.5. Naipenda sana hii mada.

Kapelo: Mwalimu wa kidato cha tano asijue hili? Chai. Wewe ndiye mwanafunzi, umekuja kufanyiwa homuweki.

MamaZawadi: Hata mimi nimeanza kushtuka. Mwalimu, kweli?

Kapelo: Aweke picha ya daftari.

TichaWaZamu: Sio chai. Nimekata mirija sita ya soda urefu mmoja, nikaiunga kwa uzi. Mitatu imelala mezani, kona ya nne iko juu, nikiibonyeza mirija inapinda. Sasa niseme yote: matokeo nimeshabandika. Nilimpa 0 kati ya 10. Kwenye karatasi yake aliandika, "umbo hili halilali". Nilikuwa nimepanga nimwite pembeni nimweleze, maksi zibaki zilivyo, maana wenzake wote waliandika mraba.

FundiNondo: Funguo za ofisi unazo?

TichaWaZamu: Ninazo.

FundiNondo: Basi kayabandue usiku huu huu, asubuhi wasiyakute.