Maskati kwa siku moja: ziara ya kikundi kidogo

Swali: Asalaam alaykum. Tunatoka Unguja watu sita, mmoja bi mkubwa asiyeweza kutembea sana. Tutakuwa Maskati Jumatano moja tu. Tuanzie wapi?

Jibu: Waalaykum salaam. Msikiti Mkuu wa Sultan Qaboos, saa mbili asubuhi. Wasio Waislamu mwisho wao saa tano, basi kikundi cha mchanganyiko kikichelewa, wengine hubaki nje. Viatu vinavuliwa, vaeni vyepesi kuvua. Wanawake wafunike nywele, mikono na miguu. Zulia la ukumbi mkuu ni mita 70 kwa 60, litazameni vizuri!

Jibu: Kosa la ziara nyingi ni soko la Mutrah. Maduka mengi hufungwa kuanzia saa saba hadi saa kumi hivi. Ukipelekwa saa nane unakuta milango imefungwa. Ombeni liwe jioni. Mchana nendeni Makumbusho ya Taifa, ndani kuna kiyoyozi, bi mkubwa apumzike.

Jibu: Kasri la Al Alam liko mkabala wa makumbusho hayo, ila hutazamwa kwa nje tu. Ngome za Jalali na Mirani ziko hapo hapo. Na muongozaji asiyejua kwamba Sayyid Said, sultani wa Omani, alihamia kwetu Unguja, mh!