Ushauri: manukuu ya Kiswahili ya Pygmalion (1938), matamshi ya Eliza yaandikwe vipi?

Kasuku_wa_Pwani
Wakuu, salaam. Naandaa manukuu (maandishi ya chini ya skrini) ya filamu ya Pygmalion, ile ya Leslie Howard na Wendy Hiller, si ile ya nyimbo ya 1964, My Fair Lady. Nimekwama pawili. Eliza muuza maua (Hiller) anaongea Kiingereza cha mitaa ya London, anameza h, na Profesa Higgins (Howard) anamfunza kuongea kama watu wa tabaka la juu. Nikiandika sanifu tupu, kichekesho kinakufa. Nimejaribu kumbadilishia r na l, haikai. La pili, faili la manukuu linaanza sawa, kufika katikati maneno yanachelewa kuliko midomo.

Fundi_Sekunde
Nianze na faili. Kosa linalokua kadiri filamu inavyoenda ni la kasi. Nakala ya Uingereza ina kama dakika 96 kwa fremu (picha) 24 kwa sekunde. DVD za Ulaya huchezwa kwa fremu 25 na kuisha kwenye dakika 92 hivi. Faili la 24 juu ya picha ya 25 huchelewa sekunde 2.4 kwa kila dakika. Fungua programu ya Subtitle Edit, geuza kasi ya fremu toka 24 kwenda 25, basi. Usihangaike kusogeza mstari mmoja mmoja.

Ila kama yanakaa sawa kisha ghafla yanaruka, una nakala iliyokatwa, ya kama dakika 89. Hapo kasi haisaidii. Tafuta palipokatwa, upange upya kuanzia pale.

Hifadhi kwa usimbaji wa UTF-8 (namna kompyuta inavyohifadhi herufi), na kwenye ng' tumia alama iliyonyooka. Ile iliyopinda, kichezeshi kikikosea usimbaji, inageuka takataka katikati ya neno.

Bi_Irabu
r na l achana nazo kabisa. Kwetu kosa hilo linamtaja mtu kabila, watu watacheka kabila. Eliza hatoki mbali, ni wa Lisson Grove, London hiyohiyo ya Higgins. Kinachowatenga ni tabaka.

Bahati nzuri h inamezwa hata kwetu: apa, uyu, amna. Zoezi la Hertford, lile Higgins analompa Eliza ajifunze kutamka h, liandike hivi:

Huko Hertford, Hereford na Hampshire,
hamna haja ya hofu: hewa haihami.

Eliza akilikosea:

Uko Ertford, Ereford na Ampshire,
amna aja ya ofu: ewa aiami.

Majina ya miji yabaki, maana mtazamaji anayasikia. Zoezi la mvua ya Uhispania («The rain in Spain») ni gumu zaidi, kwa sababu kosa lake liko kwenye irabu ambayo hatuna. Hamishia kosa kwenye dh: «Dhoruba za Uhispania hudhuru ardhi tambarare», naye aseme «Zoruba za Uispania uzuru arzi tambarare».

Mzee_wa_Reli
Hiyo dh naipinga kidogo, Bi Irabu. Nusu ya ukumbi wanasema «zahabu» na «zambi» kila siku. Watadhani umekosea tahajia, au wewe ndiye unayewacheka.

Bi_Irabu
Hoja yako naikubali, mzee wangu. Basi iwe kwenye mazoezi tu, pale Higgins anapomsahihisha na kosa linaonekana wazi. Kwingine h inatosha, tena neno moja au mawili kwa mstari. Ukimeza zote, msomaji anakwama na picha inampita.

Mkuu Kasuku, kubwa kuliko yote ni hili: Eliza ana hatua tatu. Pale Covent Garden, tahajia imevunjika na maneno ni ya mtaani. Kwenye dansi la ubalozini, vyote sanifu. Katikati kuna chai kwa mama yake Higgins, na hapo wengi huharibu: matamshi yameshanyooka, maneno bado. Kwa hiyo tahajia safi kabisa, msamiati wa kijiweni. Akieleza kofia ya shangazi yake marehemu: «Kuna mtu aliikwapua, na aliyeikwapua ndiye aliyemmaliza.» H zote zikae mahali pake. Na kinywaji cha shangazi usikiite «jini», watu watatafuta mzimu. Andika «pombe kali».

Kasuku_wa_Pwani
Asanteni sana. Na lile neno «bloody», tusi la Kiingereza, ambalo Eliza analitoa pale Freddy, kijana anayempenda, anapomuuliza kama atakatiza bustani kwa miguu?

Mzee_wa_Reli
«Thubutu!» ni laini mno, neno lile lilitikisa ukumbi London mwaka 1914 tamthilia yenyewe ilipochezwa, na 1938 bado lilikuwa kali kwenye filamu. Tusi la nguoni nalo litawatoa watu na watoto wao. Mimi naweka «Mavi!» Linachafua meza ya chai bila kuvua mtu nguo. Lakini ligawe: «Kwa miguu?» peke yake, kisha «Mavi! Napanda teksi.» Ukiyaweka pamoja, ukumbi utacheka kabla Hiller hajafungua mdomo.

Fundi_Sekunde
Mistari miwili, herufi 42 kila mmoja, herufi 15 kwa sekunde zisizidi. Hertford hapo juu ni kama 70, inataka karibu sekunde tano. Hawa wanaongea mbio, utalazimika kukata.

Bi_Irabu
Mwisho, Higgins akiuliza viatu vyake vya ndani, usiandike kandambili. Hiyo ni London, si bafuni. Neno lipo: «Ziko wapi sapatu zangu, Eliza?» Wala usiongeze «mpenzi». Shaw, mwandishi wa tamthilia, hakutaka waoane. Kwenye maelezo aliyoambatisha kwenye tamthilia, Eliza anaolewa na Freddy. Filamu imeacha mlango wazi, na Howard amekaa ametupa mgongo. Uache hivyohivyo.