Ploti ya mama, mkimbizi wa ndani (IDP), ina barua mbili: korti, wazee au ofisi ya ardhi?

Kijana_wa_Hemani
Habari zenu wakuu. Naomba mwongozo, hasa kwa waliopitia haya. Mama alitoroka Burnt Forest, hapa Kenya, kwa vurugu za baada ya uchaguzi, Januari 2008 akiwa na sisi watoto wanne, tukakaa hemani karibu miaka minne. Serikali iliponunua shamba upande wa Nakuru, 2012 akagawiwa ekari mbili na robo kama wenzake. Barua ya ugavi anayo, ina muhuri. Hatimiliki haijatoka mpaka leo.

2019 alikuja Nairobi kunilelea mtoto. Kurudi, akakuta nyumba ya mabati na mahindi yamefika kiunoni. Mwenye nyumba naye ana barua, muhuri uleule, ploti namba 217 ileile.

Nimeambiwa njia ni tatu: kesi, wazee na chifu, au ofisi iliyogawa. Ipi inamfaa mtu asiye na hela za kuchezea? (Na msiniambie angengoja zile shilingi 400,000 walizopewa waliobaki kambini 2013. Hiyo nimeisikia hadi basi.)

Wakili_Mchovu
Pole kwa mama. Kwanza, barua si hati. Septemba 2023 Mahakama ya Upeo, kwenye kesi ya Torino Enterprises, ilisema barua ya ugavi peke yake haimpi mtu umiliki mpaka masharti yake yatimizwe na ardhi isajiliwe. Aprili mwaka huohuo, kesi ya Dina Management, ilikuwa imeshasema hata hatimiliki haikuokoi kama ilivyopatikana ni kombo. Kwa hiyo hakimu hatapima muhuri wa nani unang'aa. Atauliza: jina lilitoka kwenye orodha gani, nani aliidhinisha, ramani inasemaje. Makaratasi hayo yako ofisini, wala si kwa mama wala si kwa huyo jamaa.

Uzuri wa korti ni amri ya zuio: anayejenga anasimama. Na si lazima uanzie kwa jaji wa Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Hakimu mkuu anasikiliza kesi za ardhi ya thamani ya hadi milioni 20. Ubaya unaujua, ni kuahirishwa. Kesi ya mwisho niliyosimamia ilikula miaka sita, na mteja wangu alishinda akiwa ameshazikwa.

Nyanya_wa_Molo
Mjukuu wangu, mimi nilienda kwa wazee. Jirani alikuwa amesogeza ua kama hatua tatu. Wazee walikuja Jumamosi mbili, wakatembea mpakani, mmoja akachimba chini ya mti kwa jembe mpaka likagonga bikoni, lile jiwe la mpaka. Kelele ikaisha hapo hapo. Sikutoa kitu ila chai na kuku mmoja. Mambo ya korti ni ya wenye magari.

Wakili_Mchovu
Mama, heshima zako. Lakini wewe ulikuwa na jirani na hatua tatu. Huyu ana mgeni na shamba zima. Wazee hawawezi kufuta barua ya serikali. Hata yale mabaraza ya ardhi ya sheria ya 1990 yalivunjwa 2011, ingawa bado naletewa karatasi zake kama Msahafu. Katiba, ibara ya 159, inakubali mapatano, sikatai. Ila yaandikishwe mahakamani yawe amri, la sivyo mmoja akifa wanawe wanaanza upya.

Tanganyika_Ziwani
Niwape ya kwetu Rumonge, Burundi. Waliokimbia mauaji ya 1972 walikaa Tanzania, kwenye makazi ya Mishamo, Ulyankulu, Katumba, na nyuma yao serikali ikawagawia wengine mashamba yao, hasa ya michikichi. Waliporudi, kila ploti ilikuwa na mwenye kaburi la babu na mwenye karatasi. Tume ya ardhi, CNTB, iliundwa 2006, na wengi waligawanywa nusu kwa nusu, wakapeana mikono. Baada ya 2011 uongozi mpya wa tume ukasema aliyekimbia arudishiwe yote, na mafaili yaliyokwisha fungwa yakafunguliwa tena. 2014 ikaja hadi mahakama maalumu ya ardhi. Nimeona ndugu waliogawana michikichi kwa kamba wakirudi kuikata kamba. Kwa hiyo ndugu yangu, wakikwambia mgawane, uliza kwanza mgawo huo unamlinda nani.

Kijana_wa_Hemani
Kugawana mama hataki kusikia. Je, jamaa akikaa miaka 12 si anaichukua kabisa?

Wakili_Mchovu
Miaka 12 ya kudai ardhi inahesabiwa tangu uliponyang'anywa, kwa hiyo bado una muda. Na kama ardhi bado ni ya serikali, kukaa tu hakumpi jamaa chochote. Ila usilale.

Karani_Mstaafu
Nimewasoma kimya tangu asubuhi. Niliwahi kushika daftari siku za ugavi, si huko kwenu. Watu waliokota namba kutoka kwenye ndoo, karani akaandika, barua zikachapwa baadaye mjini. Barua mbili za namba moja si lazima ziwe wizi. Kikaratasi mama alichookota bado anacho?

Kijana_wa_Hemani
Nimempigia. Anacho, kwenye Biblia. Amemwomba jirani akipige picha. Kimeandikwa kwa kalamu nyekundu… 271.

Karani_Mstaafu
Nilijua. 217 na 271, mkono wa mchapaji tu. Sasa swali: nani yuko 271?

Kijana_wa_Hemani
Mama anasema huko chini bondeni kuna ploti imeota magugu tangu mwanzo, kila mtu anadhani ni ya shule. Lakini aliyemwonyesha 217 alikuwa sorveya mwenyewe, na miaka saba amelima hapo. Miti ya mparachichi ni yake.

Wakili_Mchovu
Basi usifungue kesi bado. Andika barua ofisini uombe nakala ya orodha ya wagawiwa na ramani ya upimaji, namba zote mbili. Baki na nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa. Kama 271 haina jina, omba marekebisho kwa maandishi. Kama ina jina, au wakikaa kimya, hapo njoo tuongee korti.

Nyanya_wa_Molo
Na miparachichi je?

Wakili_Mchovu
Hiyo, mama, wapelekee wazee wako. Wataimaliza kabla ya chai kupoa.

Kijana_wa_Hemani
Jumatano tunaenda na mama. Kikaratasi nimemwambia asikitoe kwenye Biblia, aibebe yote.